Mkeka Uliotaka Mbuzi

Palikuwa na sultani, jina lake Shekue, aliyepata habari kutoka kwa wafu kila Ijumaa asubuhi, na wafu hao, ajabu yao, walikuwa na njaa tu.

Habari zilimfikia kwa mkeka. Ulikuwa mkeka mkuukuu wa ukindu, rangi zimepauka, panya wamekwisha kuonja pembe moja. Sultani alisema babu wa babu yake aliyasuka maneno humo ndani, yakae, vizazi vijavyo vije viyasikie. Basi aliutandika barazani, akalala kifudifudi na kutega sikio, watu wamesimama juani. Akiinuka, anatangaza. Babu anataka mbuzi wa fulani. Babu anataka samli. Mara moja babu alitaka godoro la pamba, na marehemu mwenyewe amelala mchangani miaka na miaka bila kulalamika.

Mbuzi waliingia jumbani. Mjini ikarudi harufu ya mchuzi.

Sheria ilikuwa fupi, maana sultani hakupenda kusoma: mkeka hausemi uongo, na anayebisha ni jela.

Ijumaa moja aliinuka, mkeka umemchora mistari shavuni, akasema, "Babu anataka shamba la mikindu la Mize."

Mize alikuwa mjane, msukaji mikeka, mwenye watoto sita na chungu kimoja. Majani ya mikindu ile ndiyo aliyosukia. Ikienda mikindu, uji wa asubuhi nao umekwenda. Siku hiyo alikuwa amekesha na mtoto mwenye homa, na mtu aliyekesha hana adabu nyingi.

"Bwana," akasema, "huyo babu alikufa lini?"

"Kabla mama yako hajazaliwa."

"Mikindu yangu niliipanda nikiwa na mimba ya huyu anayenivuta nguo. Babu kaijuaje?"

Kombo, askari wa jela, akaupapasa ufunguo kiunoni.

Sultani akacheka. "Aliyesuka mkeka huu aliona yote, Mize. Yaliyopita, yaliyopo, na yatakayokuja mpaka mwisho wa dunia. Unabisha?"

"Nibishe, watoto nimwachie nani? Sibishi, nauliza tu. Kausuka mwenyewe?"

"Mwenyewe."

"Yaani babu, sultani mzima, alikaa chini, akanyoosha miguu, akachana ukindu na wanawake wenzake?"

Kuna aliyecheka, akajifanya anakohoa. Katika mji ule mwanamume hakusuka mkeka. Kazi yake ilikuwa kuulalia.

"Nani kasema babu kasuka?" sultani akafoka.

"Wewe, bwana. Sasa hivi."

"Babu alitamka! Aliyesuka ni mkewe."

"Ahaa. Bibi."

"Bibi, ndiyo."

"Na aliyeona yote mpaka mwisho wa dunia ni yule aliyesuka."

"Nimekwisha kusema!"

"Basi maneno ya bibi yanataka sikio la mwanamke. Nyinyi waume mkiambiwa jambo na mwanamke mnasikia nusu. Niache nisikilize mimi, msukaji mwenzake."

Nyuma ya pazia, wake wa sultani wakasema "eeeh" kwa pamoja.

Sultani akamtazama yule mjane aliyechoka, nguo imepauka kuliko mkeka. Tangu azaliwe hajakutana na mtu aliyethubutu kusikia mkekani jambo ambalo yeye hakulitaka. "Haya, lala usikilize. Usiposikia kitu, nachukua mikindu na nyumba."

"Na nikisikia?"

"Atakalosema bibi litafanywa. Mkeka ni mkeka."

Mize akalala ubavu, sikio chini. Akanyamaza. Akanyamaza mno, mpaka watu wakadhani amepitiwa na usingizi, na kusema kweli alipitiwa kidogo; nani angepata nafasi ya kulala akaiacha?

Kisha akaketi, akafuta mate.

"Bibi kakasirika," akasema.

"Kakasirikia nani?"

"Anasema: 'Atakuja mjukuu wangu mmoja, tumbo mbele, akili nyuma. Atakula mbuzi wa watu na kunisingizia mimi niliye kaburini. Mwambieni awalipe watu mbuzi wao, arudishe samli, na mikindu ya mjane asiiguse. Lile godoro apewe Kombo, maana ndiye anayekesha.'"

Kombo akanyoosha mgongo. Hakuna mfu aliyewahi kumkumbuka.

Sultani akaruka wima, kilemba kikamwangukia sikioni. "Uongo! Uongo mtupu! Bibi huyo kafa zamani za zamani! Hao mbuzi hawajazaliwa, Kombo hajazaliwa, mimi mwenyewe sijazaliwa! Atatujuaje?"

Mize akamwinua mwanawe, akamweka kiunoni.

"Kama alivyoijua mikindu yangu, bwana." Akageukia mlangoni. "Kombo, baba, lete ufunguo. Kuna mtu hapa anabisha."