Wimbo wa Vikapu Vitupu

Paukwa!

Pakawa!

Hiyo ndiyo sauti ya watu walioshiba? Paukwa!

Pakawa!

Haya, sasa nawasikia. Kaeni.

Hapo zamani za kale palikuwa na kijiji kando ya mto, na kijiji hicho kilikuwa na wimbo. Haukuwa wimbo wa harusi wala wa kubembelezea mtoto. Ulikuwa wimbo wa mizimu. Kila mwaka, mavuno yakisha kuingia ghalani, watu wote waliteremka mtoni kuuimba. Ngoma ndi! ndi! ndi! Wanawake vikapu kichwani, na vikapu vyenyewe vitupu. Wakifika wanavizamisha, chubwi! Wanaviwekea mawe visielee. Kisha wanasimama, maji yamewafika magotini, wanaimba:

*Mvueni nguo, mkateni mwembamba,*
*mlazeni mtoni, mto utangulie kula.*

Ni nani huyo anayevuliwa nguo? Hakuna aliyejua. Mto unakula nini, na kikapu hakina kitu? Hakuna aliyejua. Waliimba tu.

Mlezi wa wimbo alikuwa ajuza mmoja, Bibi Mbodze. Sauti yake ilikwaruza kama mlango mbovu, lakini masikio, ah, masikio alikuwa nayo! Ukimeza neno moja, anagonga fimbo, na watu wote wanaanza upya, miguu ndani ya maji baridi. Walimnung'unikia sana. Yeye hakujali.

Sauti nzuri alikuwa nayo kijana mmoja, Nyawa, kiongozi wa waimbaji. Alipofungua kinywa, watu wa vijiji vya jirani walikuja kumsikiliza. Na hapo ndipo taabu ilipoanzia, kwa sababu mkia wa ule wimbo ulikuwa hivi:

*Samaki akilewa, bado, bado.*
*Samaki akicheza, haya, pakueni.*
*Jiwe likitoka jasho, iteni watoto.*

Wageni waliposikia samaki mlevi walicheka mpaka wakashikana mabega. Nyawa aliona haya. Sauti yote ile, halafu samaki mlevi! Akamwendea Bibi Mbodze, akamkuta anapepeta mtama, akamwomba mkia ukatwe.

"Bibi, huyo samaki ana maana gani?"

"Sijui."

"Na jiwe la jasho, lile linalochomoza katikati ya mto?"

"Sijui pia."

"Basi si tukate, Bibi?"

Ajuza akaweka ungo chini. "Mjukuu wangu, ningejua kazi yake, ningejua pa kukata. Sijui. Kwa hiyo niliupokea mzima, na nitautoa mzima."

Nyawa hakuridhika. Akawaendea wazee wengine, na wale wazee, kwa kuwa magoti yaliwauma majini, wakakubali haraka haraka. Wimbo ukakatwa. Tangu mwaka ule watu wakifika kwenye *mto utangulie kula*, makofi, vigelegele, hao wanakwenda zao kunywa. Bibi Mbodze anabaki majini, anaimba mkia peke yake.

Peke yake? Hapana, nimekosea. Wasichana wadogo walibaki naye. Walimpenda mno yule samaki. Walipepesuka majini kama walevi, wakaanguka, pwaa! Bibi hakuwakataza kupepesuka. Ila aliyemeza neno alianza upya. Mmoja wao aliitwa Mbeyu.

Bibi Mbodze akafa, akazikwa kwa ngoma. Miaka ikapita. Mbeyu akakua, na nani akamwoa? Nyawa yuyo huyo. Wakapata binti, wakamwita Dama.

Kisha mvua ikagoma. Ikagoma mwaka huu, ikagoma na mwaka uliofuata. Watu wakafagia ghala wakala na vumbi. Mto ulipungua, ila haukukauka. Mtoto anayelia njaa ana nafuu, jamani. Dama aliacha kulia. Alilala tu, macho wazi, na Nyawa akiyatazama macho yale moyo wake ulikuwa unachanika.

Porini kilibaki kitu kimoja, ndiga, kiazi mwitu. Kilikuwa tele, maana hakiliwi. Mbuzi wa jirani alikila, akafa miguu juu. Jirani mwenyewe akakichemsha, akala kidogo, wakamshika watu wanne asijitupe kisimani.

Nyawa akakichimba hivyo hivyo. Akakaa nacho mapajani, akafikiri, labda sumu iko kwenye ganda. Akaanza kumenya. Ganda likadondoka, na mwili ukamsisimka. *Mvueni nguo.* Akakata kipande, akakitazama. *Mkateni mwembamba.* Akakata chote huku akiimba, akajaza kikapu, akakimbia mtoni. Chubwi! Siku hiyo kikapu hakikuwa kitupu.

Kesho yake akakitoa, akapika, akapeleka tonge kwenye mdomo wa Dama. Kwake yeye wimbo ulikuwa umekwisha.

Mbeyu akamdaka mkono. "Bado."

"Mto umeshakula, mke wangu. Mtoto anakufa."

"Umekula, umemaliza? Baba Dama, njoo kwanza tuwaone samaki."

Wakashuka, chini kidogo ya pale kikapu kilipolala. Samaki walikuwa ubavu ubavu, wanazunguka, wanagonga mawe, hawajui juu wala chini. Walevi. Nyawa akaketi mchangani akalia kwa sauti, mtu mzima yule, maana tonge lilibaki inchi moja limfikie mwanawe.

Wakakata ndiga nyingine, wakazamisha. Dama wakamnywesha maji ya majani. Asubuhi wanakwenda, samaki wamelewa. Bado. Asubuhi nyingine, wamelewa. Bado, bado. Mbeyu anaimba, Nyawa anaitikia. Mpaka asubuhi moja, pwa! Samaki karuka. Pwa! Mwingine. Wanacheza!

*Haya, pakueni.*

Nyawa alikula wa kwanza. Akakaa juani, kijiji kizima kinamkodolea macho. Jua likapanda, jua likashuka. Akageuza kichwa, akauliza kama kuna chumvi. Hapo Mbeyu akamlisha Dama, na jioni Dama akalia. Hakuna wimbo uliowahi kumfurahisha Nyawa kama kilio kile.

Kijiji kikapona, na vijiji vya jirani vikaja kujifunza, wale wale waliocheka. Nyawa aliwasimamisha majini wakaimba wote mpaka mwisho. Kijana mmoja akamwuliza jiwe kutoka jasho maana yake nini.

"Sijui," Nyawa akasema. "Anza upya."

Hilo jiwe lipo katikati ya mto hadi leo, kavu. Kila mwaka wanaliimba. Nanyi mnaosinzia huko nyuma, msichokijua kazi yake msikikate. Kipokeeni kizima, mkitoe kizima.

Hadithi yangu naitua hapa, lakini hamwondoki hivi hivi. Jiwe likitoka jasho?

Iteni watoto.

Sijasikia. Jiwe likitoka jasho?

Iteni watoto!