Ndama wa Nyumba ya Nyikani

Hapo zamani, mashamba ya milimani Upare yalipogawanywa mpaka yakaisha, Namkunda na mumewe Mbonea waliteremka nyikani kuanza upya. Walikuwa na mtoto mchanga, ng'ombe mwenye mimba, kibuyu cha mbegu za mahindi, na Bibi Nakiete, mama yake Mbonea, aliyekataa kuachwa.

Nyika ilikuwa nyasi tupu, ndefu kuliko mtu. Wakajenga katikati yake. Ng'ombe akazaa ndama jike, na Namkunda akaapa: "Tukivuna bila kurudi milimani kuomba pa kulala, ndama huyu ni wa aliyetubakisha hapa."

Njaa ikaja kwanza. Namkunda akanyoosha mkono kwenye kibuyu cha mbegu. Bibi akaupiga kofi.

"Tukila hizi, mwanangu, tutapanda nini? Meno?"

Tangu hapo Bibi alimwachia mkwewe uji wake, maana alikuwa ananyonyesha. Yeye akala mchicha wa porini.

Jirani yao Nasieku, mama wa Kimaasai, alikuwa akilisha ng'ombe wake hadi mlangoni kwao.

"Dada, wataingia mpaka jikoni!" Mbonea alifoka. Nasieku alicheka tu, ng'ombe wakaendelea kula.

Kisha nyika ikashika moto. Ukaja unanguruma, ukafika kwenye nyasi fupi zilizoliwa, ukafifia. Lakini cheche ziliruka, paa likawaka. Mbonea akapanda, akang'oa nyasi zinazowaka kwa mikono mitupu. Kibuyu kikapona. Mikono haikupona upesi.

Mvua ikanyesha. Nani angeshika jembe? Namkunda alimfunga mtoto mgongoni, akapanda shamba lote.

Siku ya kuvuna, wakamzunguka ndama.

"Ni wangu," akasema Bibi. "Mbegu zingekuwa tumboni mwenu."

"Ni wangu," akasema Mbonea, akionyesha makovu. "Zingekuwa majivu."

"Wangu," akasema Nasieku. "Bila ng'ombe wangu, ungepanda paa lipi?"

"Wewe ulitaka nyasi tu!" akadakia Mbonea.

"Ndiyo, nilitaka nyasi. Kwani moto uliniuliza nilitaka nini?"

Wakacheka hadi machozi. Namkunda akaishika kamba ya ndama, asijue ampe nani. Bibi akamtazama.

"Na aliyepanda mbegu, mbona hatumtaji?"

Namkunda akashtuka. Muda wote alikuwa akihesabu wema wa wenzake. Wa kwake hakuuona.

Haya, nyinyi mnaonisikiliza, kamba bado imo mkononi mwake. Je, ndama ni wa nani?