Mashtaka ya Mama Spesioza

Zamani za juzijuzi, Mama Spesioza, Mrundi muuza sambusa asiye na kitambulisho chochote, alisikia kwamba Ijumaa afisa wa uhamiaji angeandikisha wageni wakaazi. Kila mmoja alitakiwa apeleke barua ya mwenyekiti wa mtaa, yenye muhuri, ikieleza ameishi hapo tangu lini.

"Sikujui," alisema Mwenyekiti Lugaila, mdomo umejaa sambusa za mama huyohuyo. "Umekuja jana. Siandiki kitu."

"Basi, baba, niandikie ya kunifukuza."

Lugaila aliacha kutafuna. "Kweli?"

"Lakini afisa hatakuamini. Mtu aliyekuja jana amekukosea nini?"

"Jana gani? Miaka kumi na sita unanicheka hadharani! Kampeni tatu umeniharibia!"

"Unanisingizia. Una shahidi?"

"Mtaa mzima! Hata tulipomzika mumeo, hapahapa makaburini petu, uliicheka hotuba yangu!"

"Ni maneno tu hayo, baba. Huwezi kuthubutu kuyaandika."

Lugaila aliandika kurasa mbili, mwaka kwa mwaka, akagonga muhuri mpaka meza ikalia. Ijumaa alivaa koti, akaenda akitarajia kumwona mama akipakiwa kwenye lori la kurudishwa kwao.

Afisa aliisoma barua. "Mzee, haya yote ni kweli?"

"Naapa! Miaka kumi na sita!"

"Vizuri. Sisi tulitaka kumi tu. Mama, weka dole gumba hapa."

Mama Spesioza aliweka dole, akamgeukia Lugaila. "Asante, baba Mwenyekiti. Miaka yote hiyo hukubandua macho kwangu! Si ungesema tu kwamba unanipenda?"