Ua wa Simaloi

Ukiukata mpungate, umeupanda. Mnaitamka vizuri methali hii, wajukuu, ila mnacheka pasipochekesha. Sogeeni niwape chanzo chake. Ni ugomvi wa wanawake wawili, na ugomvi kama huo asimulie mwanamke. Wanaume wangewaambia ulikuwa ugomvi wa mbuzi.

Katika nyika ya Laikipia aliishi mzee Sakuda na wake zake wawili. Nyumba ya mke mkubwa, Nolari, ilikuwa kuume kwa lango. Ya mke mdogo, Simaloi, kushoto, kama ilivyo desturi ya Wamaasai. Kila mke aliziba upande wake wa boma kwa matawi ya miiba, akiyakata na kuyakokota mwenyewe hata mgongo ulie. Tena kila mke alikuwa na mbuzi wa nyumba yake. Wa Nolari walikuwa wengi, wanono, na wote alikuwa akiwatunza kwa ajili ya mahari ya mwanawe, Lemeiyan.

Simaloi alikuja na akili za kwao. Alipanda mpungate, mmea ule usio na majani, ulio kama viganja vya kijani vilivyobebana, vyote vimejaa miiba. Kiganja kikazaa kiganja, mpaka upande wa kushoto ukawa ukuta ulio hai. Fisi alifika, akautazama, akaenda kutafuta riziki kwingine. Nolari akiwa juani na matawi yake, Simaloi yuko kivulini anatunga shanga.

"Mke wangu mdogo ana kichwa," Sakuda alisema siku moja.

Kwani mkubwa ana nini shingoni, boga? Nolari alilimeza neno lile, likamkwama.

Siku Simaloi alipokwenda kwao kumwuguza mama yake, na mzee yuko mnadani na ng'ombe, Nolari alishika panga. Alifyeka ua wote, moyo unamwimbia. Vipande akavisomba kwa ngozi kuukuu, akavimwaga bondeni, upande wake, mahali ambapo mume hapiti.

Simaloi aliporudi alisimama langoni, mzigo ungali mgongoni.

"Yeyo," alisema, maana alimwita mke mwenzake mama kwa heshima, "nani amekata ua wangu?"

"Ndovu."

"Ndovu akakata sawasawa hivi? Ana panga?"

"Siku hizi wanyama wamejanjaruka."

Simaloi hakucheka. "Haya, na awe ndovu. Vipande viko wapi? Kwetu tukiukata tunavichoma vyote, hata kilicho kidogo kama ulimi. Kikigusa udongo tu kinatoa mizizi. Nionyeshe, Yeyo. Nitavichoma peke yangu, wala sitamwambia mzee."

Hapo Nolari alikuwa ameachiwa mlango wazi. Lakini kuonyesha ni kukiri, na akiri vipi mbele ya mke mdogo?

"Mwulize ndovu," alijibu. "Na bondeni kwangu usitie mguu!"

Mvua ikanyesha. Nolari aliposhuka bondeni alikuta kila kipande kimesimama, kimetoa viganja vidogo kama watoto wanaoomba chakula. Akavikatakata kwa hasira. Vikaongezeka. Akakata tena kwa siri, na tena, kila msimu, na kila panga lilipoanguka bonde lilizidi kuzibika. Nyasi zikapotea.

Kikaja kiangazi kibaya. Mbuzi wa Nolari hawakuwa na cha kula bondeni ila matunda ya mpungate, mekundu, matamu, yenye vimiba vidogo kama vumbi. Vimiba vikaingia kwenye ndimi, kwenye fizi, machoni. Mbuzi wakasimama mbele ya maji, vinywa vimevimba, wasiweze kunywa. Wakafa, mmoja baada ya mwingine, mbele ya macho yake. Wazazi wa mchumba wa Lemeiyan walingoja, wakachoka, wakamwoza binti kwa mtu mwingine.

Lemeiyan alimkuta mama yake bondeni anakatakata kama mwenda wazimu. Simaloi alikuwa amefika na kijinga cha moto.

"Huyu ndiye aliyetuletea mmea huu!" Nolari alipiga kelele, panga limemwelekea Simaloi. "Mwulize!"

"Mimi nilipanda ua," Simaloi alisema taratibu. "Bonde sikulipanda."

Lemeiyan aliinamisha macho. Miguuni pa mama yake vilitapakaa vipande, vingine vibichi vya asubuhi ile, vingine vya zamani, vimekwisha kushika mizizi. 

"Ukiukata mpungate, Yeyo, umeupanda," Lemeiyan alimwambia mama yake.

Akaenda zake mbali kuchunga mifugo ya watu. Hakurudi.

Neno lake ndilo lililobaki. Watu walimwambia neno hilo kila afichaye ubaya kwa ubaya mwingine. Nolari aliishi miaka mingi akilisikia kisimani na sokoni, na hata kwenye harusi za watoto wa Simaloi, ambako ilimpasa apige vigelegele pamoja na wenzake: ukiukata mpungate, umeupanda.