Cheti cha Nyamizi

"Cheti cha mgonjwa hakifungiwi maandazi." Mmemsikia nesi akimwambia mwenzake, mkacheka, sasa mnaniuliza imetoka wapi. Wajukuu zangu, methali hii ilianzia kwenye karai langu.

Nilikuwa nakaanga maandazi sokoni. Mdogo wangu Lutego alikuwa mhudumu wa zahanati. Walipoambiwa wasafishe stoo, akaniletea boksi la karatasi. "Dada, hizi ni za zamani. Fungia maandazi yako." Sikuuliza.

Jumamosi, mteja mmoja alimaliza kula, akakunjua karatasi, akasoma kwa sauti: "Nyamizi Kasele. Kifua kikuu. Mwezi wa nne wa dawa."

Nyamizi alikuwa fundi cherehani, kibanda chake kikitazamana na changu. Dawa alikuwa anakunywa kimyakimya, na zilikuwa zimemkubali. Mashavu yalishaanza kurudi. Kumbe cheti chake kilichanganyika na karatasi za zamani, na Lutego hakukagua. Niliinyakua ile karatasi nikaitia motoni, lakini maneno yalikwisha kutoka. Kufikia Jumatatu watu walikuwa wamechukua vitambaa vyao, hata visivyoshonwa. Nyamizi akafunga kibanda, na zahanati hakwenda tena.

Tulimfuata nyumbani kwake, mimi na Lutego.

"Dada Nyamizi, imebaki miezi miwili tu," Lutego alimsihi. "Ukiacha sasa utakufa."

"Nikapange foleni na nani? Nilimwambia daktari peke yake, Lutego. Hata mama yangu hajui."

Akahamia kwa mama yake, ng'ambo ya mto. Kikohozi kilipomrudia, zahanati ya kule walimwuliza kama amewahi kutibiwa kifua. Kwa hofu akasema hapana. Wakampa dawa ya mafua. Cheti ambacho kingewaambia ukweli nilikuwa nimekichoma kwa mkono wangu.

Tulimzika kabla masika hayajaisha. Na mama yake alikuwa ameanza kukohoa.

Baada ya matanga tulikwenda kumwomba radhi. Lutego alipiga magoti, akaeleza yote: boksi, karatasi, soko. Mama alisikiliza bila kutukatiza. Nilitamani atutukane.

"Mwanangu alitoa siri yake ili apone," alisema mwishowe. "Ninyi mkamfungia nayo maandazi."

Akaingia ndani. Hatukumwona tena akiwa hai.

Lutego alilibeba neno lile zahanati hadi siku aliyostaafu, akimwambia kila aliyeajiriwa, na wao wakawaambia wengine. Mimi karai niliacha kulishika. Mkilisikia neno hilo tena, wanangu, msicheke: cheti cha mgonjwa hakifungiwi maandazi.