Wanja wa Bibi Kitatange

Masikio yapo?

*Yapo, yatie maneno.*

Na nikiongeza chumvi?

*Ongeza, ndio utamu wenyewe.*

Zamani za zamani, samaki aitwaye Kitatange alikuwa wa manjano tupu, kutoka mdomoni hadi mkiani. Mwili wake ulikuwa bapa kama kisahani, na mdomo wake mwembamba kama kibano. Bibi Kitatange aliishi na mumewe kwenye matumbawe, na chakula chao kilikuwa vile vijidudu laini vinavyochomoza ndani ya matumbawe. Walividonoa asubuhi, wakavidonoa mchana, wakavidonoa jioni. Hawakujua kula kingine.

Siku moja akahamia hapo Chewa, samaki mnene mwenye kinywa kama pango. Siku tatu akala majirani watatu, na kila aliporuka aliimba:

*Jicho lako ndilo njia, nikiliona naruka,*
*Utakapokimbilia, kinywa changu chafunguka.*

Kisha akawageukia Kitatange na mumewe. "Nyinyi wembamba nimewaweka akiba. Nikiwamaliza wanene, nitakuja kwenu."

"Mke wangu, tuhame," akasema Bwana Kitatange.

Wakahamia kwenye majani ya bahari. Mume akatafuna jani, akalitema. "Hii ni sawa na kula mkeka."

Wakahamia mchangani. Mchanga ulikuwa mweupe, nao ni wa manjano. "Tunaonekana kama maembe mawili juu ya shuka," akasema mke.

Wakahamia kwenye maji ya kina. Huko kulikuwa na baridi, kulikuwa na kiza, na njaa ilikuwa imewafuata.

Bibi Kitatange akasimama. "Kule yuko wa kutula, huku hakuna cha kula. Kwetu ni matumbawe, na mgeni ni Chewa. Turudi."

"Turudi tukafanye nini?"

"Chewa ametuambia mwenyewe kwa wimbo wake anavyowinda. Hutazama jicho, akajua tunakoelekea, akaruka mbele yetu. Twende kwa Bi Pweza."

Bi Pweza ndiye aliyepamba maharusi wote wa mwambani, maana wino anao na mikono minane anayo.

"Hodi, somo."

"Karibuni. Nani anaolewa?"

"Hakuna. Nataka wanja."

"Wanja wa kutembelea sitii, mwanangu. Namtia bibi harusi, na bibi harusi haachwi peke yake hata mara moja, mpaka wanja umtoke. Ndiyo desturi."

"Basi tuhesabu sisi kuwa maharusi. Hatutaachana."

Mume akaguna. "Tunakwenda kuliwa, nawe wataka kupendeza?"

"Kaa nawe upakwe," akasema mkewe. Akamgeukia Bi Pweza. "Usiuzungushe kandokando ya jicho kama ulivyozoea. Uteremshe kutoka utosini mpaka kidevuni, upite juu ya jicho lenyewe, lisionekane. Halafu nichoree jicho jingine huku nyuma, karibu na mkia. Kubwa, jeusi, la duara."

Bi Pweza akashusha mikono yote minane. "Nimepamba maharusi mia, sijaombwa kuchora jicho jirani ya makalio."

"Leo umeombwa, somo."

Akawachora wote wawili. Wakarudi kwao, ubavu kwa ubavu.

Chewa alikuwa mlangoni pa matumbawe. Akaliona jicho kubwa jeusi. Akaimba wimbo wake, akaruka mbele ya jicho lile. Kitatange na mumewe wakachomoka upande wa pili. Chewa akagonga matumbawe, meno yakalegea.

"Mnaogelea kinyumenyume?" akauliza.

"Hapana, babu," akajibu Bibi Kitatange. "Wewe ndiye uliyetazama nyuma ukidhani ni mbele."

Chewa akaruka mara ya pili. Nao wakachomoka kule asikokutazamia. Akagonga matumbawe, midomo ikamvimba.

"Pole, babu. Utakula uji leo," akasema Bwana Kitatange, ambaye sasa alikuwa amepata ulimi.

Mara ya tatu Chewa hakuimba. Alirudi nyuma sana, akajitupa kwa uzito wake wote kulielekea jicho la kuchorwa la mume. Mke na mume wakapenya katika ufa mwembamba, mahali ambapo mwili bapa hupita na mwili mnene hukwama. Chewa akajibamiza. Taya la chini likasogea mbele, likabaki hapo hapo. Mtazameni hata leo: taya la chini limelipita la juu. Akaondoka, akatafuta pango mbali na matumbawe yale.

Bwana Kitatange akataka kuuosha wanja. Akajisugua kwenye mwamba, akajisugua mchangani, akajisugua kwenye majani. Haukutoka.

"Haujatoka?" akauliza mkewe.

"Haujatoka."

"Basi sogea huku. Desturi ni desturi."

Ndiyo maana Kitatange hukaa kwenye matumbawe, wanja usoni na jicho la uongo nyuma, na humuoni mmoja ila mwenzake yu karibu.

Nanyi mliosikiliza, funzo ni hili. Bibi Kitatange hakuwa na nguvu wala meno. Alimsikiliza adui alipokuwa akijisifu, akatambua adui anategemea nini, akamnyima hicho hicho. Mnyonge anayefikiri hahitaji kuhama kwao.

Hadithi yangu imefika ufukoni. Atakayeiokota na aende nayo nyumbani.