Vifuniko Vitano vya Ojwang'

Wahenga hawakukosea waliponena kwamba mtaka yote hukosa yote. Maana yake ni kuwa asiyetosheka na alichopata huenda akarudi nyumbani mikono mitupu. Watu wa Lindi, mtaani Kibera jijini Nairobi, waliyaona hayo kwa macho yao siku Ojwang' alipofungua duka lake la vyombo.

Kavetsa aliuza maharagwe mbele ya mlango wake. Sufuria yake ilikuwa kuukuu, na tundu lake alikuwa ameliziba kwa kipande cha sabuni. Sabuni ikilegea, mchuzi ulizima makaa na wateja wakaenda kwingine.

"Supu ya povu leo ni ngapi?" jirani yake Trizah alizoea kumtania.

Siku hiyo Ojwang' alisimama dukani na mfuko wa kitambaa. "Humu mna vifuniko vitano vya soda," akatangaza. "Viwili vyekundu, vitatu vyeupe. Ukitoa chekundu, sufuria ni yako. Ukipenda, kirudishe utoe tena. Kikija chekundu tena, unabeba sufuria na jiko la gesi. Kikija cheupe, unabeba kiberiti tu! Kila mtu zamu moja, na ni bure!"

Watu wakajipanga kama siafu. Benard akatoa cheupe. Mama Sella, cheupe. Duncan, fundi wa viatu, naye cheupe. Kavetsa alikuwa ametulia tuli kama maji ya mtungini, akiuangalia mkono wa Ojwang'. Kila kifuniko kilirudi mfukoni, na mfuko ukatikiswa.

Zamu yake ilipofika, alitoa chekundu. Vigelegele vikapasua anga.

"Rudia, Kavetsa!" Trizah akapaza sauti. "Vyeupe vimeshatoka vyote! Si ni kama kwa chama? Jina likishatoka limetoka. Sasa ni vyekundu tu!"

Wanawake wengi wakaitikia kwa vichwa, kwa maana ndivyo walivyopiga kura za zamu katika chama chao cha kuchangiana pesa.

"Ai, jirani! Kwa chama tunaweka kando," Kavetsa akajibu. "Huyu anarudisha. Nimemwangalia."

Ojwang' akacheka. "Mama ana macho. Mfuko haukumbuki mtu. Kila mara ni viwili kati ya vitano. Kupata chekundu mara mbili, unazidisha: mbili mara mbili ni nne, tano mara tano ni ishirini na tano. Watu ishirini na tano wakijaribu mara zote mbili, mimi nategemea wanne tu wapate jiko. Lakini wewe cha kwanza unacho tayari. Ukirudia, viwili vitakupa jiko, vitatu vitakunyang'anya sufuria."

Kavetsa akalitazama lile jiko. Lilimeremeta kama kioo. Kisha akakumbuka ile sabuni.

"Nipe sufuria yangu," akasema.

"Muoga wewe!" Trizah akamcheka, akaingiza mkono. Chekundu! Akaruka juu. "Mnaona? Huu mkono umebarikiwa!"

"Trizah, chukua sufuria twende nyumbani," Kavetsa akamsihi.

"Niende na sufuria peke yake? Nitaiteleka juu ya nini?"

Akakirudisha kifuniko. Mfuko ukatikiswa. Trizah akafumba macho, akatoa.

Cheupe.

Watu wakaangua kicheko. Trizah mwenyewe alicheka hadi akashika ukuta.

Jioni, Kavetsa alipokuwa akipanga makaa chini ya sufuria mpya, Trizah alitokea na kumtupia kiberiti.

"Nimekuletea jiko langu la gesi," akasema. "Limepungua kidogo njiani."

Kavetsa akawasha moto kwa kiberiti hicho. Maharagwe yalipoiva, akampakulia jirani yake sahani ya kwanza, imejaa hadi ukingoni.

"Kula, dada. Leo hakuna povu."

Trizah alikula hadi punje ya mwisho. Alipomaliza, aliitazama sufuria, akakitazama kiberiti, akatikisa kichwa huku akitabasamu. Ama kweli, mtaka yote hukosa yote.